Kuteremka Assisi: Matembezi Mafupi ya Hija katika Mji wa Mtakatifu Fransisko

Waamini wengi wa parokia zetu wanaojaliwa kufika Roma hupangiwa pia siku moja, na mara nyingine nusu siku tu, ya kuutembelea mji wa Assisi, ulio takriban kilomita 180 kaskazini mwa Roma. Basi huondoka alfajiri, watu husali Rozari njiani, na jioni kundi hurejea likiwa na picha nyingi, medali na misalaba ya mbao yenye umbo la herufi T. Lakini ukimwuliza mmoja wao ameona nini, mara nyingi jibu ni kwamba ameona kanisa kubwa na zuri sana. Ni jibu la kweli, ila linasikitisha kidogo. Mtu aliyejinyima miaka kadhaa ili apate nauli hiyo anastahili kurudi na kitu kizito zaidi ya kumbukumbu ya kanisa zuri.

Makala haya yanaeleza jinsi matembezi mafupi ya miguu, yakiongozwa na mtu anayeufahamu mji, yanavyoweza kuwa hija ya kweli ndani ya saa tatu. Yanaandikwa pia kwa ajili ya wale ambao hawatafika Assisi maishani mwao, maana njia aliyoipita Mtakatifu Fransisko haihitaji hati ya kusafiria.

Mji uliojengwa kwa ngazi za heshima

Assisi umejengwa kwenye mteremko wa mlima Subasio, katika mkoa wa Umbria, katikati ya Italia. Mlima huo una urefu wa takriban mita 1,290, na mawe yake ya rangi nyeupe na waridi ndiyo yaliyojenga nyumba, kuta na makanisa ya mji. Juu kabisa kuna ngome iitwayo Rocca Maggiore, na chini kabisa limetanda bonde pana lenye mashamba.

Ili kumwelewa Fransisko, ni lazima kwanza kuuelewa mteremko huo. Katika karne ya 12 na ya 13, mahali ulipoishi palieleza wewe ni nani. Juu, karibu na ngome na kanisa kuu, waliishi makabaila wenye mashamba na farasi wa vita. Katikati, kuzunguka soko, waliishi wafanyabiashara waliokuwa wakitajirika haraka na kutamani madaraka. Chini, nje ya kuta, waliishi maskini na wakoma. Mwaka 1198 wananchi waliishambulia ngome na kuibomoa; makabaila kadhaa wakakimbilia Perugia, mji jirani na hasimu. Mwaka 1202 miji hiyo miwili ilipigana vita, na kijana Fransisko, mwana wa mfanyabiashara wa vitambaa, alikamatwa na kukaa gerezani Perugia takriban mwaka mmoja. Watu wa mji huo waligawanyika katika makundi mawili: wakubwa na wadogo. Baadaye Fransisko alipotafuta jina la shirika lake, alichagua kuwaita wenzake Ndugu Wadogo.

Kwa sababu hiyo waongozaji wengi hupenda kuyaanzia matembezi juu na kuyamalizia chini. Jambo hilo huwahurumia wazee wenye magoti yanayouma, lakini lina maana kubwa zaidi. Kutoka juu kwenda chini ndiyo safari ya maisha ya Fransisko na Klara, nayo inafuata nyayo za Bwana wetu mwenyewe, aliyejishusha na kutwaa hali ya mtumwa kwa ajili yetu.

Kisima cha Ubatizo

Mabasi makubwa hubaki nje ya kuta, lakini mabasi madogo ya mji hupanda hadi uwanja wa Matteotti, sehemu ya juu. Kutoka hapo ni mwendo wa dakika chache kuteremka hadi kanisa kuu la Mtakatifu Rufino, askofu na shahidi, msimamizi wa mji. Ujenzi wa kanisa hilo ulianza mwaka 1140.

Mahujaji wengi hulipita kanisa hili kwa haraka kwa kuwa wana hamu ya kufika kaburini. Wasifanye hivyo. Ndani, upande wa kulia baada ya kuingia, kipo kisima cha Ubatizo ambamo Fransisko alibatizwa mwaka 1181 au 1182 kwa jina la Yohane, kabla baba yake hajarudi safarini na kumwita Fransisko. Humo humo alibatizwa pia Klara, binti wa kabaila Favarone, ambaye nyumba ya ukoo wake ilikuwa jirani na uwanja wa kanisa. Mtoto wa mfanyabiashara na mtoto wa kabaila, ambao koo zao zilisimama pande mbili katika vita, walipokea maji ya kisima kimoja.

Mwongozaji mwema hulisimamisha kundi hapa kwa utulivu na kuliruhusu lirudie ahadi za Ubatizo. Utakatifu wa Assisi ulianza katika Sakramenti ile ile ambayo kila msomaji wa makala haya aliipokea parokiani kwake, kabla ya muujiza wowote, kabla ya madonda matakatifu na kabla ya umaarufu.

Uwanja wa soko na nyumba ya baba

Barabara ya mawe huteremka hadi uwanja wa Halmashauri. Hapo limesimama jengo la Kirumi lenye nguzo sita, lililokuwa hekalu la kipagani tangu karne ya kwanza kabla ya Kristo, na ambalo leo ni kanisa la Bikira Maria. Mkumbuke sura ya nguzo hizo, kwa sababu mtakutana nazo tena baadaye zimechorwa ukutani mwa Basilika, ila mchoraji ameweka tano badala ya sita. Anayetembea na mwongozaji huonyeshwa jambo dogo kama hilo, na kupitia hilo anatambua kwamba wachoraji walitaka watu wa Assisi wauone mji wao wenyewe ndani ya maisha ya mtakatifu wao.

Chini kidogo ya uwanja kuna kanisa lililoanza kujengwa mwaka 1615 kwa fedha za mfalme wa Hispania, mahali ambapo mapokeo yanasema palikuwa nyumba ya Pietro di Bernardone, baba yake Fransisko. Ndani huonyeshwa chumba chembamba ambamo, kwa mujibu wa mapokeo, baba alimfungia mwanawe alipoanza kugawa mali kwa maskini. Nje ipo sanamu ya wazazi wake wawili. Waandishi wa kwanza wa maisha yake wanasimulia kwamba baba aliposafiri kwa shughuli zake, mama alimfungulia.

Msalaba ulionena

Upande wa mashariki wa mji kuna Basilika ya Mtakatifu Klara, yenye mistari ya mawe meupe na ya waridi, iliyojengwa kuanzia mwaka 1257. Klara alitoroka nyumbani usiku wa Jumapili ya Matawi, mwaka 1211 au 1212, akateremka hadi kikanisa cha Porziuncola bondeni, na hapo Fransisko akamkata nywele kuwa ishara ya kuwekwa wakfu kwa Mungu. Aliishi zaidi ya miaka 40 katika monasteri ya San Damiano, nje ya kuta, akafariki tarehe 11 Agosti 1253. Mwili wake unapumzika chini ya Basilika hiyo.

Katika kikanisa cha pembeni unatundikwa Msalaba wa San Damiano, uliochorwa katika karne ya 12. Kristo aliye juu yake ana macho wazi. Mbele ya msalaba huo, katika kanisa bovu lililokuwa linaanguka, Fransisko alisali na kusikia akiagizwa kuitengeneza nyumba ya Bwana. Yeye aliuchukua wito huo kwa maana ya mawe na chokaa, akaanza kujenga. Alichelewa kuelewa kwamba nyumba iliyohitaji kutengenezwa ni Kanisa lenyewe, yaani watu. Hata hivyo Mungu hakumdharau kwa kuelewa nusu. Alimwongoza kupitia kazi ya mikono yake hadi akafika kwenye maana kamili. Hili liwatie moyo wale wanaobeba matofali na kuchangia saruji katika vigango vyetu. Kazi hiyo ni sala, mradi isiishie kwenye ukuta.

Mbele ya uaskofu: mahali pagumu zaidi

Kutoka hapo mwongozaji hulirudisha kundi kuelekea magharibi, hadi kanisa dogo la Bikira Maria lililo kando ya makazi ya askofu. Tangu mwaka 2017 mahali hapa pamefanywa rasmi kuwa mahali patakatifu pa kukumbuka tendo la Fransisko la kuvua mavazi yake. Tukae hapa zaidi kidogo, kwa maana ndipo moyo wa matembezi yote ulipo.

Fransisko alikuwa amechukua vitambaa vya baba yake, akavipeleka Foligno, akaviuza pamoja na farasi, kisha akampelekea fedha padre wa San Damiano ili atengeneze kanisa. Padre alikataa kuzipokea. Baba aligundua, akakasirika, na hatimaye akamfikisha mwanawe mbele ya askofu Guido. Hiyo ilikuwa mwaka 1206. Askofu alimwagiza kijana azirudishe fedha. Fransisko akazirudisha, kisha akavua na nguo zake zote, akaziweka mbele ya baba yake na kutangaza kwamba tangu siku hiyo Baba yake ni yule aliye mbinguni. Askofu akamfunika kwa joho lake.

Tumezoea kulisimulia tukio hili kana kwamba Pietro alikuwa mtu mwovu tu. Tukisimama pale, tujiulize upya. Ni wazazi wangapi kati yetu waliouza ng'ombe au kipande cha shamba ili kumsomesha mwana, wakimtazamia kuwa nguzo ya ukoo, kisha siku moja mwana akasema anataka kwenda seminari au nyumba ya watawa? Uchungu wa Pietro tunaufahamu. Alikuwa amemsomesha, amemnunulia vazi la vita, amemlipia karamu na marafiki. Tena, kuhusu zile fedha, haki ilikuwa upande wake, na askofu alilitambua hilo. Kanisa halikukubali kujengwa kwa mali ya mtu asiyeridhia. Fundisho hili linatuhusu moja kwa moja: sadaka isiyo halali ya mtoaji haiwi safi kwa sababu imewekwa mikononi mwa padre.

Kosa la Pietro lilikuwa jingine. Alimhesabu mwanawe kuwa sehemu ya mali yake. Kwa kurudisha kila kitu, hata nguo ya mwilini, Fransisko alilipa deni lote lililohesabika, akabaki na lile lisilohesabika: kwamba uhai wake ulitoka kwa Mungu. Amri ya nne inatuagiza kuwaheshimu wazazi, wala haijafutwa mbele ya uaskofu wa Assisi. Lakini heshima kwa mzazi haiwezi kuzidi utii kwa Muumba wa mzazi na mtoto.

Maandiko ya zamani hayasimulii kwamba baba na mwana walipatana. Yanasema badala yake kwamba Pietro alimlaani mwanawe kila walipokutana njiani, hata Fransisko akamwomba maskini mmoja atembee naye na kumbariki kama baba kila laana iliposikika. Kidonda hicho hakikufunikwa na utakatifu wake. Mzazi na kijana wasioelewana juu ya wito, au juu ya ndoa, au juu ya jambo lolote zito, wanaweza kuomba hapa bila kujifanya kwamba yote yamekwisha sawa.

Katika kanisa hilo hilo limo kaburi la Mtakatifu Carlo Acutis, kijana aliyezaliwa London tarehe 3 Mei 1991 na kufariki Italia tarehe 12 Oktoba 2006 akiwa na umri wa miaka 15. Alitengeneza tovuti kuhusu miujiza ya Ekaristi, akaupenda mji wa Assisi, na hapo anaonekana amelala katika suruali ya jinzi na viatu vya michezo. Baba Mtakatifu Leo wa 14 alimtangaza kuwa mtakatifu tarehe 7 Septemba 2025. Vijana wetu humkimbilia kwa furaha. Ni vema wakumbushwe kwamba amezikwa mahali pa kuvua, naye alijifunza mapema kutotawaliwa na kifaa alichokishika mkononi.

Kuta hizo za uaskofu zina ushuhuda mwingine. Wakati wa Vita Kuu ya Pili ya Dunia, askofu Giuseppe Placido Nicolini na mapadre wake waliwaficha Wayahudi wapatao 300 katika monasteri na nyumba za mji. Joho la askofu likawafunika tena waliokuwa uchi mbele ya hatari.

Kaburi la maskini ndani ya kanisa kubwa

Barabara ya Mtakatifu Fransisko huongoza hadi ukingo wa magharibi wa mji, kwenye kilima kilichoitwa zamani Kilima cha Jehanamu. Hapo ndipo Papa Gregori wa 9 alipoweka jiwe la msingi la Basilika tarehe 17 Julai 1228, siku moja baada ya kumtangaza Fransisko kuwa mtakatifu. Mwaka 1230 mwili wake ulihamishiwa humo na kufichwa kwa ustadi hata ukaja kupatikana mwaka 1818 tu.

Wengi huuliza: je, ni haki kumzika maskini yule ndani ya jengo la fahari namna hii? Swali ni jema, na mwongozaji asilikwepe. Jibu huanzia chini. Basilika hii ina makanisa mawili, moja juu ya jingine, na chini ya yote mawili limo kaburi: nguzo ya mawe makavu, chuma, na taa ya mafuta. Pembeni wamezikwa wenzake wanne wa karibu: Leo, Rufino, Masseo na Angelo. Fahari yote ya juu imesimama juu ya mtu aliyelala bila kitu. Siku ukuta utakapomsahau aliye chini, hapo ndipo utakuwa umepoteza haki yake ya kusimama.

Katika kanisa la juu kuna picha 28 za maisha yake, ambazo kwa mapokeo zinahesabiwa kuwa kazi ya Giotto. Tafuteni ile ya uwanja wenye nguzo tano, kisha ile ya Pietro akiwa na nguo za mwanawe mkononi, akizuiliwa na jirani, huku mkono wa Mungu ukitokea juu. Mkiwa mmetoka kuuona uwanja na uaskofu wenyewe, picha hizo zitasema nanyi. Tarehe 26 Septemba 1997 tetemeko la ardhi liliangusha sehemu ya dari hilo na kuwaua watu wanne, wawili kati yao watawa Wafransiskani. Mafundi walikusanya vipande kwa subira, na kanisa likafunguliwa tena mwaka 1999. Tuwaombee marehemu hao.

Ni hapa pia ambapo Mtakatifu Yohane Paulo wa 2 aliwakusanya viongozi wa dini mbalimbali kuombea amani, tarehe 27 Oktoba 1986.

Mashauri machache kwa mahujaji

Chagueni mwongozaji anayeijua imani pamoja na mji. Mwombeni apunguze tarehe na aongeze nafasi za kimya. Vituo vitano vyenye sala ni bora kuliko kumi na viwili vya kupiga picha. Ndani ya Basilika upigaji picha hauruhusiwi, na katazo hilo ni zawadi. Vaeni mavazi ya heshima yanayofunika mabega na magoti, na viatu visivyoteleza, kwa maana mawe ya barabara ni laini na mteremko ni mkali. Wagonjwa na wazee wasione haya kupumzika. Kundi limwendee taratibu aliye dhaifu kuliko wote, maana hiyo nayo ni sheria ya Kifransiskani. Muda ukiruhusu, malizieni bondeni, kwenye Basilika ya Bikira Maria wa Malaika, ambamo kimo kikanisa cha Porziuncola. Hapo Fransisko alifariki jioni ya tarehe 3 Oktoba 1226, akiwa ameomba alazwe juu ya udongo mtupu. Hakuna pa kushuka zaidi ya hapo.

Kwa sisi tunaobaki nyumbani

Kanisa, kama mama, halikuwasahau wasio na nauli. Kila tarehe 2 Agosti, rehema kamili ya Porziuncola inaweza kupatikana katika kanisa lolote la parokia, kwa kulitembelea kwa ibada, kusali Baba Yetu na Kanuni ya Imani, kupokea Sakramenti ya Kitubio na Komunyo Takatifu, na kusali kwa nia za Baba Mtakatifu, moyo ukiwa umejitenga na kila dhambi.

Jumuiya ndogondogo zinaweza pia kufanya matembezi yao. Anzeni kwenye kisima cha Ubatizo cha parokia. Piteni sokoni mkiombea wanaonunua na wanaouza. Simameni mbele ya nyumba ambamo baba na mwana hawasemezani, na muwaombee bila kuwataja majina. Malizieni kwa mgonjwa aishiye mwisho wa njia, mahali ambapo watu hawafiki mara kwa mara. Kila mji una mteremko wake, na kila mmoja wetu anaishi hatua kadhaa juu ya mtu mwingine.

Mtakatifu Fransisko wa Assisi, utuombee. Mtakatifu Klara, utuombee.